Pampu ya mafuta ya umeme kwenye gari la kabureta: ifunge ili injini ikizima nayo izime

Mwezi wa kumi, jua la Dodoma likiwa limepanda hadi mbuzi wanagombea kivuli cha mbuyu mmoja, mzee mkulima wa zabibu kutoka Hombolo aliingiza Hilux yake gereji kwetu Kizota. Pikapu ya zamani, injini ya kabureta (kile chombo cha kuchanganya petroli na hewa), bodi limechoka lakini chesisi bado ngumu.

"Mwanangu, hili gari likitembea halina neno," akaniambia. "Nikisimama tu mnadani Msalato robo saa, nikiwasha linakohoa, linanifia."

Dawa yake ilikuwa kitambaa kilicholoweshwa maji, anakizungushia pampu ya mafuta na kungoja. Chupa ya maji ya kazi hiyo haikukosekana chini ya kiti. Sasa alikuwa amechoka, anataka pampu ya umeme, na fundi mmoja alishamwambia ni kazi ya dakika kumi: waya mmoja kwenye swichi ya ufunguo, mwingine kwenye bodi, basi.

Ukifunga hivyo gari litawaka na linaweza kutembea miaka bila kulalamika. Lakini fikiria siku limepinduka. Pampu ya zamani inasukumwa na kamshafti, mhimili unaozungushwa na injini yenyewe, kwa hiyo injini ikisimama nayo inasimama. Pampu ya umeme haina habari na injini. Maadamu ufunguo uko ON, itaendelea kusukuma petroli, hata kama mpira umekatika na mafuta yanamwagikia ekzosi yenye moto. Pampu ndogo ya kabureta inatoa lita moja na zaidi kwa dakika, na dereva aliyezirai hazimi swichi. Kwa hiyo karibu kazi yote ninayoeleza hapa ni ya kuijulisha pampu kwamba injini imezima. Kuzungusha mota ya pampu kwenyewe ni rahisi.

Hakikisha kwanza ugonjwa ni huo

Pampu ya asili imefungwa ubavuni mwa injini, na inayavuta mafuta kutoka tenki lililoko nyuma. Petroli inayovutwa huchemka upesi kuliko inayosukumwa. Ongeza joto la injini iliyozimwa, feni haizunguki, upepo haupiti. Ongeza tena kwamba Dodoma iko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na huku juu vimiminika huchemka mapema kidogo kuliko Dar es Salaam. Petroli iliyomo kwenye pampu inageuka mvuke, pampu inabaki kutafuna mapovu. Kile kitambaa cha mzee hakikuwa ushirikina.

Ila dalili hizo hizo zinaletwa na vitu vya bei ndogo. Filta iliyojaa uchafu. Mpira wa nyuma uliopasuka, unaonyonya hewa bila kuvuja tone. Kofia ya tenki ambayo tundu lake la kupumulia limezibwa na vumbi letu jekundu: gari likifa, fungua kofia, na ukisikia tenki linavuta pumzi ndefu, ugonjwa umeupata na pampu huihitaji. Nimewahi kumrudisha mteja nyumbani kwa kusafisha kofia tu.

Pampu ya kununua

Mzee alikuwa na pampu tayari, ameifunga kwenye gazeti. Ilitolewa ndani ya tenki la Toyota ya EFI, yaani isiyo na kabureta, inayopuliziwa petroli kwa amri ya kompyuta. Ya mtumba, bado inafanya kazi. Nikamrudishia.

Chukua kipimo unachokijua cha upepo wa tairi. Tairi la gari dogo linajazwa psi 30 hivi. Kabureta inataka psi 2 hadi 4 tu. Ikizidi 5 au 6, sindano ya kwenye bakuli la kabureta inashindwa kufunga, petroli inafurika na kumwagikia juu ya injini. Pampu ya EFI inasukuma psi 40 na kuendelea. Ukiifunga kwenye kabureta utakuwa unaendesha gari lenye bomba la petroli lililofunguliwa.

Tafuta pampu iliyoandikwa kuwa ni ya kabureta, ya volti 12, yenye psi kati ya 2 na 4. Zile ndogo za mraba au za mkebe zinakula ampea 1 hadi 3. Angalia mshale au maandishi ya IN na OUT, na angalia kama upande wa chanya na hasi umeonyeshwa.

Kabla ya kushika spana

Mvuke wa petroli ni mzito kuliko hewa. Haupandi, unateremka na kutambaa sakafuni, unajaa kwenye shimo la gereji na kungoja cheche. Ndiyo maana kazi hii haifanyiwi juu ya shimo, wala karibu na jiko la mama ntilie, wala pale jirani anapochomelea. Petroli hutoa mvuke wa kuwaka hata kwenye baridi kali kuliko friza, kwa hiyo usijidanganye kwamba asubuhi ya Julai ina usalama.

Fanyia nje, penye upepo. Weka mtungi wa zimamoto wa unga mkavu mahali unapoufikia kwa mkono mmoja, na ndoo ya mchanga. Maji hayafai: petroli inaelea juu yake na moto unasafiri nayo. Namba ya Zimamoto ni 114, waambie na wasaidizi wako.

Ukifungua betri, anza na hasi. Sababu yake ni hii: ukianza na chanya na spana ikagusa bodi wakati hasi bado imefungwa, umepiga shoti ya betri nzima mkononi mwako. Kurudisha ni kinyume, hasi inakuwa ya mwisho.

Halafu kuna mpangilio ambao mafundi wengi wanaugeuza. Mimi naanza na umeme wote, naujaribu kwa taa, pampu ya zamani ikiwa bado inalisha injini. Mipira ya mafuta inaguswa mwishoni. Hivyo makosa ya nyaya yanafanyika mahali ambapo hakuna petroli iliyofunguliwa.

Nyaya, fyuzi na ethi

Chagua kwanza mahali pampu itakapokaa, maana waya lazima ufike huko: karibu na tenki, kwenye chesisi, usawa wa chini ya tenki au chini kidogo, upande usio na ekzosi. Pampu hizi zinajua kusukuma, kuvuta ni kazi inayozitesa. Ukiiweka mbele kwenye injini umerudi kwenye ugonjwa ule ule wa mzee.

Waya uwe wa magari, wa nyuzi nyingi. Ule mgumu wa nyuzi moja wa kufungia nyumba unakatika kwa mtikisiko, na barabara ya vumbi ya kwenda Hombolo haina huruma. Kwa pampu ya ampea 2, waya wa milimita za mraba 1.5 unatosha. Mimi naweka 2.5 kwa kuwa unavumilia zaidi. Siku hizi kuna waya wa bei chee ambao kwa nje ni shaba, ndani ni alumini. Ukwangue kwa kisu. Ukiona weupe, mrudishie muuzaji.

Fyuzi iwe ya kwanza kutoka betri, isizidi shibri moja kutoka kwenye kichwa cha chanya. Kipande cha waya kati ya betri na fyuzi hakina mlinzi, kwa hiyo kifupishe. Kwa pampu ya ampea 2 au 3, fyuzi ya ampea 10 inatosha. Fyuzi inalinda waya, hailindi pampu. Ikiungua mara kwa mara kuna mahali waya unagusa bodi au pampu imekaza. Anayeifunga kwa karatasi ya sigara au uzi wa shaba ameamua waya mzima uwe fyuzi, pamoja na viti na dashibodi.

Pitisha waya kando ya chesisi, ndani ya bomba la plastiki lenye mikunjo, ukiufunga kila baada ya kiganja au viwili. Usiufunge juu ya bomba la breki wala bomba la mafuta. Kila unapopita kwenye tundu la bati, weka raba ya tundu, kwa sababu bati ni kisu cha polepole. Maungio yabanwe kwa plaizi ya kubania terminali, si kwa meno, kisha yavishwe mpira unaosinyaa kwa joto. Tepu ya umeme peke yake, kwa jua hili, baada ya miezi michache gundi yake inageuka uji na tepu inafunguka yenyewe. Na kama pikapu inabeba alizeti au mahindi, kumbuka panya wanapenda nyaya laini kuliko nafaka.

Ethi ya pampu, yaani njia ya umeme kurudi hasi ya betri kupitia chuma cha gari, isitegemee boliti iliyoifunga. Vuta waya wake mweusi, unene ule ule, hadi kwenye chesisi. Kwangua rangi mpaka chuma king'are, funga kwa washa yenye meno, pakaa grisi juu. Kwenye pikapu usifunge ethi kwenye bodi la nyuma: lina kutu na mara nyingi limekalia raba. Na ukiwa hapo angalia waya mnene unaotoka injini kwenda chesisi. Ukiwa umelika, nusu ya matatizo ya umeme ya gari hilo yametoka pale.

Rilei

Pampu isilishwe moja kwa moja na swichi ya ufunguo. Swichi za magari haya zina umri wa wenye magari, na kuzibebesha mzigo mpya ni kutafuta harufu ya plastiki. Swichi itoe amri tu, rilei ibebe mzigo: rilei ni swichi inayovutwa na sumaku ya koili yake ikipata umeme mdogo. Koili ya rilei ya kawaida inakula chini ya robo ampea.

Chini ya rilei kuna namba. 85 na 86 ni koili, yaani upande wa amri. 30 ni umeme unaoingia, 87 ni unaotoka rilei ikivuta. Zile za miguu mitano zina 87a katikati, ambayo imeungana na 30 wakati rilei imelala. Hapo ndipo watu wanaumia: ukifunga pampu kwenye 87a kwa bahati mbaya, itazunguka gari likiwa limeegeshwa na ufunguo uko mfukoni kwako.

Kwa kazi hii utahitaji rilei mbili. Ya kwanza tuiite rilei ya pampu, miguu minne inatosha. Ya pili ni mlinzi, lazima iwe ya miguu mitano. Zote zifungwe kwenye ukuta wa bati kati ya injini na kabini, upande wa abiria, mbali na ekzosi, miguu ikiangalia chini ili maji na vumbi visitulie ndani. Usiziweke nyuma karibu na tenki hata kama utaokoa waya, kwa sababu ndani ya rilei kuna cheche kila inapofunga na kufungua.

Rilei ya pampu ifunge hivi:

- 30: kutoka chanya ya betri kupitia fyuzi ya ampea 10.
- 87: kwenda chanya ya pampu.
- 85: kwenye bodi.
- 86: amri, ambayo itatoka kwa mlinzi na kwa stata.

Mlinzi: kuijulisha pampu kwamba injini imezima

Gari lina kitu tayari kinachojua kama injini inazunguka: swichi ya oili, ile ya waya mmoja iliyochomekwa ubavuni mwa injini. Injini ikiwa imezima, ndani ya swichi waya unagusa bodi, taa nyekundu ya oili inawaka. Injini ikizunguka, mgandamizo wa oili unaitenganisha na taa inazima. Tunaomba habari hiyo hiyo.

Thibitisha kwanza kwamba yako ni ya aina hiyo. Ufunguo ON, taa ya oili inawaka. Chomoa waya wa swichi: taa izime. Gusisha waya ule kwenye bodi: taa iwake tena. Kama dashibodi yako ina mshale wa kupima oili badala ya taa, kile kilichoko kwenye injini si swichi, usikiguse. Tafuta kiungo cha matundu matatu na swichi ya oili ya kawaida, uiongeze pembeni yake.

Sasa mlinzi:

- 86 na 30: zote mbili zipate umeme wa ufunguo ON, kupitia fyuzi ndogo ya ampea 5.
- 85: kwenye waya wa swichi ya oili, ukiuunga bila kuukata, taa iendelee na kazi yake.
- 87a: kwenda 86 ya rilei ya pampu.
- 87: haitumiki. Iache tupu.

Fuata umeme kwa kidole. Ufunguo ON, injini imelala: swichi ya oili imegusa bodi, koili ya mlinzi inavuta, 87a inaachana na 30, rilei ya pampu haipati amri. Pampu kimya. Injini ikiwaka na oili ikipanda, swichi inatengana, mlinzi analala, 87a inaungana na 30, amri inafika, pampu inazunguka. Gari likizima kwa sababu yoyote, oili inashuka, mlinzi anavuka upande, pampu inakata ndani ya sekunde chache, hata ufunguo ukibaki ON na dereva hajui alipo. Unapofungua ufunguo unaweza kusikia "tik" moja ya haraka ya rilei ya pampu kabla mlinzi hajavuta. Haina shida.

Faida nyingine ambayo hukuiomba: oili ikiisha safarini, tuseme umepiga jiwe na kutoboa sampu (bakuli la oili chini ya injini) huko Mtera, pampu inakata na injini inaweza kujizima kabla haijajiua.

Linabaki swali la kuwasha. Kwa kawaida bakuli la kabureta lina petroli ya kutosha kuanzia, na oili inapanda ndani ya sekunde chache. Lakini gari lililolala wiki mbili bakuli limekauka. Kwa hiyo tunaipa pampu ruhusa wakati stata inazunguka: chukua waya mdogo wa amri ya stata, ule unaopata umeme ufunguo ukiwa START tu, uulete kwenye 86 ya rilei ya pampu.

Hapo usisahau daiodi, kijidude kinachopitisha umeme upande mmoja tu. Bila daiodi, injini ikishawaka umeme wa mlinzi utarudi nyuma kupitia waya ule hadi kwenye stata, na stata itajaribu kuingia injini ikiwa inaunguruma. Utasikia sauti ya kusaga chuma na meno ya flaiwili yatakuwa yamekwisha. Daiodi ya 1N4007, ile ndogo nyeusi ambayo mafundi redio wanayo kwa mafungu, inatosha kabisa. Mstari wake mweupe uangalie upande wa rilei ya pampu. Ivishe mpira, maana miguu yake ni myembamba na inakatika.

Udhaifu wa mpango huu nauweka mezani. Waya wa swichi ya oili ukikatika, mlinzi anadhani injini inazunguka na ataruhusu pampu kila ufunguo ukiwa ON. Dalili utaiona: taa ya oili haiwaki unapofungua ufunguo. Kwa hiyo taa ile sasa ina kazi mbili, na balbu ikiungua ibadilishe siku hiyo hiyo, usije ukakosa kuona. Ukipata swichi ya oili ya miguu mitatu, inayofunga njia ya pampu kwa mgandamizo wa oili wenyewe, ifunge hiyo, ni bora kuliko mlinzi wangu.

Kuna na swichi ya mgongano. Ford na Land Rover nyingi za petroli zilitoka nayo kiwandani: ndani kuna gololi iliyoshikwa na sumaku, gari likigongwa gololi inaruka na njia inakata, mpaka ubonyeze kitufe cha juu. Ukiipata kwenye gari lililochinjwa, ipitishie waya wa 85 wa rilei ya pampu kwenda bodi, na uifunge ikiwa imesimama wima sawa na ilivyokuwa. Hapo hapo kwenye waya wa 85 ndipo mahali sahihi pa ile swichi ya siri ya wizi ambayo kila mteja anaitaka. Kuiweka kwenye waya mkubwa wa pampu ni kuongeza kiungo kingine cha kupata moto chini ya zulia.

Jaribu kwa taa

Badala ya pampu, funga balbu ya indiketa ya wati 21 kwenye ncha za waya kule nyuma. Inakula karibu ampea 2, sawa na pampu yenyewe, na haichomi kitu. Mafuta bado yanapita njia ya zamani. Rudisha betri, mtu mmoja akae kwenye usukani, mwingine aangalie balbu.

1. Ufunguo ON, injini imezima: balbu isiwake.
2. Stata inazunguka: balbu iwake.
3. Injini inaunguruma: balbu iendelee kuwaka, na stata iwe kimya.
4. Mbele ya gari pakiwa wazi, ingiza gia ya nne, kanyaga breki kwa nguvu, achia klachi hadi injini izime. Ufunguo uache ON. Balbu izime ndani ya sekunde chache.
5. Zima ufunguo, chomoa waya wa swichi ya oili, rudisha ON: balbu itawaka, na ujue sasa sura ya hitilafu hiyo. Rudisha waya.

Jaribio la nne ndilo lililonifanya niandike haya yote. Kama balbu haizimi, usiendelee na mafuta, hata mteja akikupigia honi nje.

Ukiwa na mita, pima volti kwenye balbu injini ikiunguruma, kisha pima kwenye betri. Tofauti ikizidi nusu volti kuna kiungo kibovu, na mara nyingi ni ethi.

Sasa petroli

Ondoa tena hasi ya betri. Injini iwe imepoa kabisa. Tenki liwe na mafuta kidogo, na yale yatakayotoka yakingwe kwenye chombo cha chuma chenye mfuniko.

Mipira iwe ile iliyoandikwa kuwa ni ya mafuta. Ile ya plastiki inayong'aa, inayouzwa kwa mita kwa ajili ya maji, inakuwa ngumu kama mfupa na kupasuka. Anza na filta kati ya tenki na pampu, kwa sababu matenki ya zamani yana kutu na mchanga, na pampu ikimeza mchanga haichukui muda. Weka filta nyingine laini kabla ya kabureta. Mshale uelekee mbele. Pampu ikae juu ya raba zake, la sivyo utasikia mtetemo wake hadi mfupani.

Pampu ya zamani usiiache njiani. Ngozi yake ya ndani ikichanika, pampu mpya itasukuma petroli moja kwa moja ndani ya sampu ya oili, na oili iliyochanganyika na petroli inaua beringi, pia mvuke wake unaweza kulipuka. Iondoe, ziba tundu lake kwa bamba la chuma na gasketi. Kama ilikuwa na bomba la tatu la kurudisha mafuta kwenye tenki, usilizibe ovyo: kuna filta za midomo mitatu, mdomo mmoja mwembamba wa kurudishia. Huo unarudisha mvuke tenkini, na kwa joto la huku ni msaada mkubwa.

Funga betri, zungusha stata kwa vipindi vifupi hadi mafuta yafike. Pampu isizunguke kavu muda mrefu, petroli ndiyo inayoipoza. Ikizunguka na haileti kitu, labda chanya na hasi zimegeuzwa. Injini ikishawaka, pita na tochi, si kiberiti, kila kiungo kutoka nyuma hadi mbele. Pangusa kwa karatasi kavu: karatasi inaona unyevu ambao jicho halioni. Baada ya dakika 10 shika waya, shika rilei, shika fyuzi. Uvuguvugu sawa. Kama unaondoa mkono, kuna waya mwembamba au kiungo kilicholegea. Kisha rudia lile jaribio la gia ya nne, safari hii ukisikiliza pampu yenyewe ikinyamaza.

Wenye gari za EFI

Haya yote kwenu hayahitajiki, mnatakiwa kutoharibu tu. Gari lenu lilitoka na rilei ya pampu inayoamriwa na kompyuta: kompyuta isipoona injini inazunguka, inakata. Pampu ikikataa kuzunguka, dawa ya haraka ya vijiweni ni kuvuta waya wa moja kwa moja kutoka kwenye ufunguo. Ukikubali hivyo umeondoa ulinzi wote niliotumia kurasa hizi kuutengeneza, tena kwenye bomba lenye mgandamizo wa mara kumi. Kwenye Toyota nyingi za zamani, soketi ya kupimia chini ya boneti ina tundu la Fp na la +B. Kuziunganisha kwa muda kunazungusha pampu ili upime. Ni kipimo. Ukimaliza, toa.

Ukibadilisha pampu ndani ya tenki, punguza mgandamizo kwanza: chomoa fyuzi ya pampu, acha injini ijifie, zungusha stata sekunde mbili. Na ndani ya tenki usisokote waya na kuufunga tepu, gundi ya tepu inayeyuka kwenye petroli na vipande vinaenda kuziba chujio. Tumia soketi ya pampu yenyewe. Mpira wa kawaida wa mafuta nao haufai kuzama humo. Umetengenezwa kubeba petroli kwa ndani, ukiloweshwa nje unavimba. Kuna mpira wake maalumu wa kuzamishwa, ni ghali na hauna mbadala.

Hilux ya mzee ilichukua siku nzima na nusu ya kesho yake, badala ya dakika kumi. Alipokuja kuichukua nilimkalisha kwenye usukani, nikamwonyesha taa ya oili: ukifungua ufunguo isipowaka, usiwashe gari, nipigie simu. Akaniuliza na ile chupa ya maji chini ya kiti aifanyeje. Nikamwambia anywe.